Marie Curie, mudogo aliyelipia masomo ya mukubwa wake

Sisi watu wa mine tunajua jina la Shinkolobwe. Hata yule ambaye hajafika kule alisikia: ni upande wa Likasi, na ndiko kulitoka uraniumu ya bomu la Hiroshima. Lakini zaidi ya miaka 20 mbele ya bomu, Wabelgiji walikuwa wanachimba pale kwa kutafuta kitu kingine, radiumu. Wakati ule uraniumu ilikuwa karibu sawa takataka, watu waliitumia kwa kutia rangi ku vioo na masahani. Radiumu ndiyo ilikuwa mali. Wenye kuivumbua na kuipatia jina ni Marie Curie na bwana yake Pierre. Watoto wetu wanamusoma mama huyu ku shule kwa mistari mbili: alivumbua radiumu, alipata Prix Nobel mara mbili. Basi.

Leo miye nataka kusema zaidi juu ya miaka ya mbele, wakati hakuna mutu aliyemujua. Msichana wa miaka 18, baba anazeeka, mukubwa wake ana akili, na mufuko ni mutupu. Msichana wa namna hiyo iko naye ku kila avenue ya cité zetu.

Alizaliwa tarehe 7 Novemba 1867 ku Varsovie, wa mwisho kati ya watoto watano. Jina lake la kwao ni Maria Skłodowska. Polonia haikuwa inajitawala. Varsovie ilikuwa chini ya mfalme wa Urusi, na ku shule watoto walilazimishwa kusoma kwa Kirusi. Baba yake, Władysław, alikuwa mwalimu wa hesabu na fizika. Mama yake alikuwa ameongoza shule ya wasichana. Watu wenye masomo na heshima, lakini bila feza. Baba hakupatana na mukubwa wake wa kazi, Murusi, basi akashushwa cheo, mushahara ukapunguzwa, na nyumba ya kazi wakamunyanganya. (Mwenye kufukuzwa ku nyumba ya kampuni hana lazima nimufasirie.) Akiba yake aliitia mu biashara ya shemeji, ikapotea yote. Kwa kupata chakula akaanza kupokea wanafunzi wa kulala na kula kwake. Mumoja wao akaleta ugonjwa wa tifusi ndani ya nyumba, na Zofia, mutoto wa kwanza, akakufa. Kisha mama, mwenye kugonjwa kifua kikuu tangu miaka mingi, naye akakufa mwezi wa Mai 1878. Maria alikuwa na miaka 10.

Nyuma ya pale, mwenye kushika nyumba alikuwa Bronia, dada yake mwenye kumupita miaka mbili hivi. Alipika, alihesabu feza ya soko, aliangalia baba na wadogo. Lakini Bronia naye alikuwa na ndoto yake: kuwa munganga. Na Maria, ambaye alimaliza secondaire mwaka 1883 na medali ya zahabu, alitaka kusoma fizika. Ku Varsovie hakuna mulango. Universite haikupokea wanamuke. Walikuwa wanasoma kwa kujificha, pamoja na vijana wengine, mu nyumba za watu, leo hapa, kesho pale, juu polisi asiwakute. Ilikuwa inaitwa universite yenye kuruka. Elimu walipata, lakini diploma hapana. Kwa diploma ilikuwa lazima kuenda Paris, na baba hakuweza kulipia hata mumoja.

Bronia alikuwa amechunga feza ya kuishi Paris mwaka moja. Masomo ya unganga yanaomba tano. Njo pale Maria akaleta mapatano yake. Akamwambia mukubwa wake aende mara moja na ile feza kidogo. Yeye Maria ataacha masomo, ataenda kufundisha watoto wa matajiri kwa nyumba yao, na kila mwezi atamutumia. Siku Bronia atakapokuwa munganga, atamuita Maria Paris na atamulipia kwa zamu yake. Bronia alikataa kwanza, akamuuliza sababu gani yeye aende mbele, wakati Maria ndiye anamupita kwa akili ya kitabu. Maria akafanya hesabu: yule ana miaka 20, mwingine ana 17, aende mwenye amekwisha kungojea sana. Hakuna karatasi, hakuna mushahidi. Mwaka 1885 Bronia akapanda treni.

Tarehe moja Januari 1886, Maria naye akatoka. Masaa tatu mu treni, kisha masaa ine mu kigari cha kukokotwa na farasi juu ya theluji, mupaka Szczuki, karibu kilometa 100 toka Varsovie. Alifikiri atakuta pori na miti. Alikuta mashamba ya betrave mupaka macho yanachoka, na kiwanda cha sukari chenye kutoa moshi. Mushahara: rubli 500 kwa mwaka. Kazi: masaa saba kwa siku na wasichana wawili wa bwana wa shamba, mumoja mudogo, mwingine wa miaka yake yeye mwenyewe. Na juu ya kazi ile akajiongezea ingine bila kulipwa. Watoto wa watumishi wa shamba na wa kiwanda walikuwa wanatembea na matope ku miguu, hawajui kusoma luga yao. Akawakusanya mu chumba chake, akawafundisha kusoma Kipolonia. Serkali ya Urusi ilikataza kitu hicho, na kama wangemushitaki angeweza kufungwa. Usiku, wakati wote wamelala, yeye anafungua vitabu vya fizika na hesabu. Baba alimutumia mazoezi ya hesabu ku barua. Aliishi vile miaka tatu na nusu, na kila mwezi sehemu kubwa ya mushahara inaenda Paris.

Katikati ya miaka hiyo mutoto mukubwa wa nyumba, Kazimierz, akarudia likizo toka universite. Wakapendana. Kijana akaenda kwa wazazi kuomba ruhusa ya kumuoa. Wazazi wale walikuwa wanamupenda Maria, walikuwa wanamuweka ku meza yao, wanamupatia zawadi siku ya kuzaliwa. Lakini kumuoza kijana wao na mwalimu wa mushahara, msichana bila mali, hapana. Baba alikasirika, mama karibu azimie, na kijana akainamisha kichwa.

Wewe ungefanya nini? Mutu mwenye moyo angekamata valizi yake asubuhi ile. Maria alibaki. Alibaki mu nyumba ya watu waliomukataa, akakula ku meza ile ile, akafundisha madada wa yule kijana, zaidi ya mwaka moja tena, juu Bronia alikuwa bado ku masomo na feza ya kila mwezi ilipaswa kufika. Wako wenye kuandika maisha yake sawa ya mutu wa chuma. Miye sioni chuma hapa. Naona mutumishi ambaye hawezi kuacha kazi, juu kuna mutu nyuma yake. Ndani ya barua zake za miaka ile alijionyesha mwenye kuvunjika, asiyengojea tena kitu chochote kwa ajili yake mwenyewe.

Mwaka 1888 baba yake akapata kazi yenye kulipa vizuri, kuongoza nyumba ya kurekebisha vijana, kazi nzito yenye watu hawakuipenda. Kwa mushahara ule akaanza yeye mwenyewe kutumia Bronia rubli 40 kila mwezi. Sasa muangalie kitu Bronia alifanya. Aliandikia Maria asitume tena. Na aliomba baba akate rubli 8 juu ya zile 40, aziweke kando kwa jina la Maria, kwa kuanza kulipa deni. Alikuwa bado mwanafunzi, bado na njaa ku Paris, hakuna mwenye kumuomba, naye ameanza kulipa.

Niruhusuni hapa nisimame kidogo. Miye nilimaliza secondaire juu yaya yangu aliacha shule mwaka wa ine. Baba alikuwa ametolewa ku kazi, hakuna posho, hakuna mushahara, miezi na miezi. Yaya alikuwa anakaanga mandazi mbele ya parcelle, na feza ya mandazi ndiyo ililipa minerval yangu. Na sisi tulipatana kwa kinywa: nikipata kazi, nitamurudisha ku masomo. Nilipata kazi. Nikaoa, watoto wakakuja, kisha mambo ya sendika, kisha tena watoto. Siku hizi kila kipindi ninapojadiliana na wakubwa wa kampuni juu ya malipo yaliyochelewa ya wenzangu, ninajua kuhesabu mupaka siku ya mwisho. Yaya hajaniomba kitu hata siku moja. Nilisoma habari ya zile rubli 8 usiku, na sikuendelea na kitabu usiku ule.

Turudie kwa Maria. Mwezi wa Marsi 1890 barua ya Bronia ikafika. Anakaribia kumaliza, anaolewa na munganga mwenzake, Mupolonia ku Paris. Maria akuje, atalala kwao, atakula kwao. Mapatano yametimia. Na Maria akajibu hapana.

Watu wengi wanapita haraka hapa, wakifikiri alikuwa anaogopa tu. Lakini wakati ule baba alikuwa karibu kuacha kazi na kurudi Varsovie, na Maria alikuwa amemuahidia kuishi naye na kumupatia uzee wa furaha kidogo. Kulikuwa tena Helena, dada mwingine mwenye kukosa bahati. Kulikuwa Józef, kaka, mwenye kuhitaji feza kwa kazi yake ya unganga. Kwa miaka mingi Maria alijizoeza kujiweka wa mwisho ku mustari, na siku mulango ulifunguka miguu haikutaka kutembea. Pamoja na hayo, Kazimierz alikuwa bado hajatoka mu moyo.

Basi akaishi na baba zaidi ya mwaka. Ilikuwa mwaka muzuri: mangaribi wanazungumuza fizika, wanasoma pamoja. Binamu yake alikuwa anaongoza labo ndogo ku Varsovie, na kwa mara ya kwanza Maria akashika chupa na mizani kwa mikono yake, usiku na siku ya Mungu. Majaribio mengine yalikufa, mengine yakatoka. Alikuwa anarudi nyumbani na usingizi unakataa kukuja.

Mwezi wa Septemba 1891 alikutana na Kazimierz ku milima ya Zakopane. Kijana alikuwa bado anasitasita, wazazi hivi, wazazi vile. Maria akakata kamba pale pale. Kurudi, akaandikia Bronia kumuuliza kama kitanda kiko bado. Na baba? Baba hakumufunga. Waliagana ku gare, na Maria aliahidi kwamba ni miaka mbili, tatu kwa wingi, kisha atarudi, watakaa pamoja na hawataachana tena. Alikuwa karibu na miaka 24. Alibeba chakula cha njia na kiti kidogo cha kukunja, juu mu treni za Ujeremani alilipa klasi ya ine, na klasi ile haikuwa na viti kwa wote.

Ku Paris alilala kwanza kwa Bronia. Lakini nyumba ya waganga wawili ni wagonjwa, wageni, piano, mazungumuzo mupaka usiku, na Sorbonne iko mbali. Nyuma ya miezi michache akaomba ruhusa ya kuishi peke yake. Chumba chini ya paa, ngazi sita, maji anapandisha mwenyewe, makala anapandisha mwenyewe. Feza ya siku yote, nyumba na chakula na vitabu pamoja, ni faranga tatu hivi. Siku moja alizimia. Shemeji yake munganga akakimbia kule, akaangalia masufuria, yote kavu. Akamuuliza alikula nini. Tangu jana, mboga kidogo na matunda. Akamurudisha kwa nguvu kwa Bronia, wakamulisha nyama juma nzima, akarudia ku chumba chake na kuanza tena vile vile. Mwaka 1893 alikuwa wa kwanza ku licence ya fizika. Mwaka 1894 wa pili ku licence ya hesabu. Bourse ya rubli 600 aliyopata toka Polonia, aliirudisha yote nyuma ya miaka, juu ya feza ya kazi yake ya kwanza, utafiti juu ya chuma cha pua. Wenye kutoa bourse walishangaa, hakuna mwanafunzi alikuwa amefanya vile.

Pale ndipo Pierre Curie alitokea, mwalimu wa miaka 35, mutu wa kimya. Aliomba kumuoa, na Maria akarudi Varsovie likizo ya 1894 bila kumujibu ndiyo. Baba alikuwa anangojea, na ahadi ya gare ilikuwa imefika wakati wake. Kubaki Ufaransa kwa yeye ilikuwa kuacha baba na kuacha inchi yenye kufungwa. Pierre alimuandikia mara na mara; alifika mupaka kusema yuko tayari kuhamia Polonia, afundishe Kifaransa kama inalazimu. Mwezi wa Oktoba Maria akarudia Paris. Waliolewa tarehe 26 Julai 1895 ku Sceaux, bila kanzu nyeupe. Alichagua nguo ya rangi ya giza, yenye kufaa labo siku ya pili. Baba alitoka Varsovie kuwabariki. Ninafikiri siku ile muzee alikwisha kuelewa.

Juu ya radiumu nitasema kidogo. Uraniumu ilikuwa inatoa mionzi, Becquerel alikuwa ameiona mwaka 1896. Marie aliona mawe yenye uraniumu yanatoa mionzi kupita uraniumu yenyewe, basi ndani lazima kuna kitu kingine. Mwaka 1898, pamoja na Pierre, walitangaza vitu viwili: poloniumu, kwa jina la inchi yake, na radiumu. Kwa kuionyesha kwa macho walipokea matani ya mabaki ya mine toka Joachimsthal, kule Bohemia, takataka yenyewe kampuni ilikuwa imetupa, na Marie akayapika ndani ya hangari lenye kuvuja, akichanganya na fimbo ya chuma yenye urefu wake mwenyewe. Sisi wenye kufanya kazi ku kiwanda cha kusafisha shaba tunajua mikono inakuwa namna gani jioni. Ilichukua karibu miaka ine. Mwaka 1902 alikuwa na sehemu moja ya kumi ya gramu. Alimuandikia baba habari ile, na muzee wa fizika akamujibu kwa barua.

Siku chache tu nyuma ya ile barua, telegramu ikafika kwamba baba amepasuliwa. Marie akapanda treni, siku mbili na zaidi za njia. Alipofika, sanduku lilikuwa limefungwa. Akalazimisha walifungue. Mbele ya maiti ya baba akaomba musamaha, kwa sauti, mupaka Bronia na kaka yao wakamutoa pale. Kwa siri, miaka yote, alikuwa anajishitaki kwa kubaki Ufaransa na kumuacha yule aliyetumaini kumaliza siku zake pamoja naye. Hakuna mutu mu familia alikuwa amemushitaki.

Yaliyofuata yanajulikana. Prix Nobel ya 1903 pamoja na Pierre na Becquerel. Tarehe 19 Aprili 1906 gari la farasi likamukanyanga Pierre ku barabara ya Paris, na Marie akabaki na wasichana wawili, Irène na Ève. Serkali ilitaka kumupatia pansio ya mujane. Akaikataa, akasema kwa miaka yake 38 anaweza kutumika, na akachukua mahali pa bwana yake ku Sorbonne, mwanamuke wa kwanza kufundisha pale. Nobel ya pili, 1911. Radiumu hakuiwekea hati ya kuuza, na siku moja bei yake ikamupita yeye mwenyewe: mwaka 1921 wanamuke wa Amerika walichangisha feza wakamununulia gramu moja, dola 100.000.

Wakati ule ule Shinkolobwe ikaanza kutoa. Kuanzia 1922, mawe ya Katanga yalikuwa yanasafirishwa mupaka kiwanda cha Olen, Ubelgiji, na bei ya radiumu ikaanguka dunia nzima. Wazee wetu ndio walichimba na kuchagua mawe yale kwa mikono. Marie alikufa na ugonjwa wa damu, tarehe 4 Julai 1934, juu ya mionzi aliyoishi nayo miaka yote. Wao pia waliishi nayo, na kwao hakukuja medali.

Mbele ya kufa alikuwa na jambo la kumaliza kwao. Polonia ilikuwa imepata uhuru wake, na Varsovie ilikuwa inajenga nyumba ya radiumu kwa kutunza wagonjwa wa kansa. Mwenye kutafuta feza, kufuata mafundi, kuhesabu matofali, alikuwa Bronia, munganga muzee sasa. Radiumu yenyewe ilikosekana. Mwaka 1929 Marie akavuka tena bahari, akarudi toka Amerika na dola 50.000. Kwa bei mupya, bei ya Shinkolobwe, ilitosha kwa gramu moja. Mwezi wa Mai 1932 madada wawili walifungua mulango wa ile nyumba pamoja, mumoja mwenye nywele nyeupe, mwingine na macho yenye kuharibika.

Miaka mbili nyuma ya pale Marie akazikwa ku Sceaux, karibu na Pierre. Bronia na Józef walitoka mbali kwa kumuzika. Bronia alikuwa amebeba udongo wa Polonia, akautupa ndani ya kaburi la mudogo wake.